Tundu la Nguzo ya Tisa

Jioni ile nilirudi kwenye nguzo kuchukua timazi tu, ule uzi wetu wa kupimia ukuta. Kaka yangu alikuwa ameusahau. Angesahau na kichwa chake, kama kisingekuwa kimebeba mdomo.

Watu walimwita Kasuku. Mtu yule alikuwa anaongea hata na ndoo. Sisi ni waashi, na tangu tuanze kazi tuna lugha yetu ya nyundo. Mmoja akiwa upande wa pili wa ukuta, unagonga moja, maana yake "upo?" Yeye anagonga mbili: "nipo." Basi, hakuna kupayuka.

Kazi yenyewe ilikuwa kukarabati nguzo tisa za mawe zilizopangwa duara, zilizojengwa na watu ambao hata babu wa babu zetu hakuwajua. Ndani zina uwazi. Upepo ukipita, zinalia. Uuuuum... Mlinzi wa pale, mama mmoja mkali, alituonya siku ya kwanza: "Tengenezeni msingi. Huko juu msiguse."

Lakini fundi akiona tundu, mkono unamwasha. Nguzo ya tisa ilikuwa na tundu la ukubwa wa ngumi, usawa wa uso. Kwa macho yetu ule ulikuwa ubovu. Asubuhi hiyo kaka akachanganya saruji, akaliziba, akalainisha kwa mwiko huku akijisifu.

Kuanzia mchana hakusema neno. Nikajiambia amechoka.

Sasa nimefika. Upepo upo, nguzo nane zinalia kwa sauti ya chini. Ya tisa kimya. Timazi nikaiona pale chini, nikaiokota. Nikataka kujua kama saruji imekauka. Nikaigonga kwa nyundo, mara moja tu.

Ngo.

Kutoka ndani ya jiwe...

Ngo. Ngo.

Nywele zilinisimama. Nikageuka, mlinzi huyu hapa nyuma yangu, ufagio mkononi.

"Mmeziba?" alinong'ona. "Mmeziba mdomo wake?"

"Mdomo wa nani, mama?"

"Mimi nimjulie wapi? Ninachojua, kinapumulia hapo. Ukikinyima mdomo, kinatafuta mwingine." Akanitazama mikono. "Nani alishika mwiko?"

Nilikimbia.

Nyumbani kwa kaka, shemeji alikuwa akikunja nguo. Kaka alikuwa amelala mkekani chini ya dirisha, chali, mdomo wazi.

"Shh, shemeji, muache," mkewe alisema akicheka. "Miaka yote hii, leo ndiyo masikio yangu yamepumzika."

Pazia likatikisika. Upepo ukaingia, ukapita juu ya uso wa kaka.

Uuuuum...

Mlio ule ulitoka kinywani mwake. Midomo haikusogea. Na harufu nayo, ya jiwe lililofungiwa unyevu miaka mingi.

"Ndiyo anavyokoroma leo," shemeji alisema, lakini kicheko kilikuwa kimekwisha.

Nikagonga fremu ya mlango. Moja.

Kaka akafumbua macho. Akaniangalia muda mrefu, kama anayesoma kibao.

"Fundi," alisema, "acha kugonga."

Kaka yangu hajawahi kuniita fundi. Mimi ni Dogo. Hata mbele ya wateja, na ndevu zangu hizi, ni Dogo. Nilishikwa na hofu ambayo sijawahi kuijua, na uchungu pia, maana nilijua ndugu yangu yuko wapi. Nikachukua tindo ya kuchongea mawe na nyundo, nikatoka mbio kurudi kwenye nguzo.

Nilipopiga pigo la kwanza kwenye saruji, nilisikia nyayo. Yule wa mkekani alikuwa amenifuata. Mkononi ana ndoo, ndani saruji mbichi.

"Fundi, acha."

Nikapiga la pili. Ndani ya nguzo kukagongwa mbili, haraka haraka.

"Kaka, vumilia!" nililiambia jiwe.

Pigo la tatu, saruji ikabomoka. Pumzi ya baridi ikanipiga usoni... Nyuma yangu ndoo ikaanguka.

Naye akaanguka.

Nilimpakata kichwa nikilia kama mtoto. Mlinzi alisimama mbali, ameziba masikio kwa viganja. Nikaokota nyundo, nikagonga jiwe lililokuwa karibu. Moja. Upo?

Mkono wa kaka ukapapasa chini, ukaokota kokoto. Akagonga.

Moja.

Nikasubiri. Nikamwambia, "Bado moja, kaka. Ongeza." Akanitazama tu.

Shemeji anasema mumewe amepona, na mtaa mzima unasema hivyo. Anaongea tena kutwa nzima. Ananiita Dogo. Anawatania majirani, wanacheka mpaka wanashika mbavu.

Ila mimi nimefanya naye kazi miaka kumi na minne. Utani wote huo ni wa zamani. Stori zile zile, maneno yale yale, hata kikohozi kiko mahali pale pale. Tangu jioni ile sijamsikia akisema kitu kipya, hata kimoja. Nimemwambia shemeji, akanijibu kwa hasira nisimchulie mume.

Nguzo ya tisa nayo nimeirudia mara nyingi. Naigonga, nasubiri. Kimya.

Jana tulikuwa kazini, ukuta katikati yetu. Nikagonga moja, nikabana pumzi.

Ikarudi moja.