Gari Dogo Lililofika Mapema

Saa 12:31 asubuhi, Jumapili. Ufagio mrefu ulikuwa katikati ya barabara ya viwandani, na mwanamke aliyekuwa akiutumia alikuwa mtaroni, hatua chache mbele yake, yu hai.

Aliyemkuta ni mlinzi wa kiwanda cha magodoro. Alipiga simu, akavua koti akamfunika, wala hakumsogeza. Hospitalini walithibitisha nyonga iliyovunjika pande mbili.

Inspekta alifika saa 1:05. Alikuwa mwanamke asiyependa kuulizwa anafikiri nini kabla hajapima. Alipima. Barabara ilikuwa imenyooka kabisa. Mistari miwili ya rangi nyeupe ilikuwa imechorwa kuikata, mmoja mbele ya geti la kwanza la kiwanda, mwingine mbele ya geti la pili, mita mia nne mbali. Kila mtu mjini alijua mistari hiyo ni ya nini: vijana huja hapo kupima nani anakimbia kuliko nani. Baada ya mstari wa pili kulikuwa na alama za breki, na kando yake kipande cha plastiki nyeupe, kifuniko cha kioo cha pembeni.

Kila geti lilikuwa na kamera, na zote mbili zilifuata saa moja. Kamera ya kwanza ilionyesha gari dogo jeupe likisimama kwenye mstari. Taa za nyuma zilikuwa zinawaka, lakini hakuna indiketa iliyomweka. Kupitia dirisha la dereva ulitoka mkono mzima, ukanyooka, kiganja kimetazama mbele, ukakaa hivyo kidogo, ukarudi ndani. Gari likaondoka. Sekunde kumi na nane nukta tisa baadaye lilivuka mstari wa pili. Kamera ya pili ilisoma namba zake vizuri.

"Anatupa sigara," alisema Mkuu wa kituo, akiuelekezea kidole ule mkono.

"Hakuna kilichoanguka, afande."

"Basi anapunga upepo. Namba tunazo. Kinachobaki nini?"

Namba zilikuwa za gari la shule ya udereva. Aliyekabidhiwa gari hilo alikuwa mwalimu wa kike ambaye wanafunzi wote walimwita Mwalimu tu, kana kwamba hakuna mwingine. Jumatatu asubuhi, kabla hajatafutwa, alifika kituo cha polisi kulalamika kwamba kioo cha gari lake kimevunjwa. Kipande cha barabarani kilikaa kwenye kioo hicho bila pengo. Saa 4:00 alikuwa mahabusu.

"Gari niliacha uani Jumamosi jioni," alimwambia Inspekta. "Funguo nikatundika kwenye ubao wa ofisi. Nikaenda nyumbani."

"Mkurugenzi wako anasema Jumapili alipita ofisini na funguo hazikuwepo."

"Basi kuna aliyezichukua."

"Nani?"

"Ningemjua ningekaa hapa, dada yangu? Unajua nikikutwa na hatia kitu gani kinatokea? Si kifungo tu. Leseni ya ualimu inafutwa, na ikifutwa hairudi. Kazi nyingine siijui."

Mkurugenzi wa shule, mzee mwembamba mwenye shati lililopigwa pasi mpaka kwenye kola, alikuja mwenyewe kutoa maelezo. Alimsogezea Inspekta kiti ndani ya ofisi ya Inspekta. "Ni mwalimu wangu bora," alisema. "Naumia sana. Lakini nikianza kumkingia kifua, nitawafundisha nini wanafunzi?"

Jumanne, Inspekta aliomba barabara ifungwe kwa nusu saa. Akampa lile gari jeupe dereva bora wa kikosi, mtu aliyewahi kufukuza wezi kwa gari la mizigo na kuwakamata. Walirudia mara tano, kutoka mstari hadi mstari. Matokeo bora yalikuwa sekunde ishirini nukta sita.

"Hili gari limechoka tangu lizaliwe," dereva alisema akishuka. "Unakanyaga, linakuuliza una uhakika?"

Mkuu wa kituo hakushtuka. "Sekunde moja na kitu. Labda kijana wako ana mguu mzito."

"Ndiye mwepesi kuliko wote tulio nao, afande. Kioo kinasema gari ni hili. Saa inasema si hili. Vyote viwili haviwezi kukosea, kwa hiyo Jumapili gari hili halikuwa kama lilivyo leo."

Alifungua buti. Gari zima lilikuwa na vumbi la wiki nzima, isipokuwa shimo la tairi la akiba. Humo ndani palikuwa safi, na boliti za kiti cha nyuma zilikuwa na mikwaruzo inayong'aa.

Mchana huo huo alijitokeza mtu wa kwanza kukiri kosa, kwa miguu yake. Alikuwa mdogo wake Mwalimu, jitu lililojaa mlango, ambalo mtaani liliitwa Tani.

"Ni mimi," alisema. "Mwachieni dada. Nilichukua funguo, nikaenda kushindana, nikamgonga yule mama. Basi."

"Ulianzaje kuondoka?"

"Kwa… kwa kasi."

"Una kilo ngapi?"

Tani alitazama huku na huku. "Hilo linahusiana nini na kesi?"

"Kila kitu."

"Mia na thelathini. Lakini mifupa yangu mizito."

"Ukiketi wewe, gari hilo linabeba watu wawili. Mistari ile huwezi kuikata kwa sekunde kumi na tisa hata likisukumwa na upepo. Rudi nyumbani. Na kudanganya polisi ni kosa, nitalisahau leo tu."

"Afande, dada yangu hawezi kukaa humo ndani. Yeye ndiye aliyenilea."

"Basi usinipotezee muda wake."

Mtu aliyejua kuharakisha magari madogo mjini alikuwa mmoja. Karakana yake ilikuwa nyuma ya kituo cha mafuta, na jina lake la kazi lilikuwa Nusu Sekunde, kwa sababu hicho ndicho kipimo alichoahidi kwa kila kazi. Inspekta alimkuta akiwa chini ya gari, miguu nje.

"Nataka kujua," alisema, "mtu afanye nini gari dogo likimbie zaidi."

Miguu ilitoka, kisha mtu mzima. Swali hilo lilimfurahisha kuliko salamu.

"Watu wakija hapa wanadhani tatizo ni injini. Tatizo ni tumbo! Gari dogo, kila kilo linaisikia. Toa tairi la akiba, toa jeki, toa chuma cha kiti cha nyuma ubakize sponji, abiria hatajua. Toa mikeka ya kuzuia kelele. Weka betri nyepesi. Mafuta lita tano tu. Hapo hujagusa injini na tayari umepata nusu sekunde."

"Na nyingine?"

"Rimu za alumini, kwa sababu uzito unaozunguka unakula nguvu mara mbili. Kichujio cha hewa kinachopumua vizuri. Halafu kompyuta ya injini. Kiwandani wameifunga ili itumie mafuta kidogo. Mimi naifungua. Ukitaka kuirudisha, narudisha, ni kazi ya asubuhi moja."

"Jumapili uliirudisha ya nani?"

Uso wa Nusu Sekunde ulifungwa kama duka. "Mteja wangu ni mteja wangu."

"Mteja wako amevunja nyonga ya mtu."

Alikaa juu ya tairi. Bisibisi aliyoshika ilimponyoka na hakuiokota. "Mimi niliambiwa limegonga nguzo."

"Na nani?"

"Afande, yule mtu ana watu wakubwa. Nikisema peke yangu atakana, na mimi nitabaki na karakana iliyofungwa."

Inspekta hakumlazimisha. Shahidi mmoja mwenye hofu, anayelipwa na mshukiwa, angevunjwa mahakamani ndani ya dakika mbili. "Sitaki jina leo," alisema. "Nataka Alhamisi ulifanye tena lile gari kama ulivyolifanya. Kila kitu, pamoja na makosa yako. Kulikuwa na makosa?"

"Moja dogo. Nilipong'oa mkeka wa chini ya dashibodi waya wa indiketa ulichomoka. Nikasema nitaurudisha baadaye."

"Uchomoe tena. Usimwambie mtu."

Jumatano Inspekta alipita hospitalini. Mfagiaji alikuwa macho. Dereva hakumwona. "Nilisikia sauti," alisema. "Ndogo, lakini yenye hasira. Halafu nikauona ufagio wangu unaruka bila mimi." Akaongeza: "Likasimama. Nilisikia mlango umefunguliwa. Nikasema, Mungu ni mwema, nimepata mtu. Mlango ukafungwa."

Kutoka hapo Inspekta alikwenda mahabusu na kumuuliza Mwalimu swali moja. "Uko barabarani na indiketa zimekufa. Unafanya nini?"

"Nasimama, naita fundi."

"Na mkono?"

Mwalimu alitabasamu kwa mara ya kwanza tangu Jumatatu. "Ishara za mkono? Ziko kwenye picha za kitabu. Wanafunzi wanazicheka. Zamani ndiyo ulikuwa mtihani wenyewe, usiponyoosha mkono kabla ya kuondoka umefeli hapo hapo. Sisi hatukupimwa hivyo."

Alhamisi, saa 5:00 asubuhi, barabara ilifungwa tena. Walikuwepo Mkuu wa kituo, Nusu Sekunde, Mwalimu akiwa na askari wa kike, Tani aliyekataa kuondoka, na Mkurugenzi, aliyeitwa kama mwenye gari. Dereva wa kikosi alikanyaga. Lile gari lililokuwa likimuuliza kama ana uhakika sasa lilimjibu kabla hajauliza. Sekunde kumi na tisa kamili. Mara ya pili, kumi na nane nukta tisa.

"Sawa," Mkuu wa kituo alisema. "Umethibitisha kwamba linawezekana. Bado gari ni la huyu mama."

"Bado, afande." Inspekta alimgeukia Mkurugenzi. "Mzee wangu, tunataka kufungua barabara. Tusaidie ulitoe pale mstarini, uliweke nje ya kiwanda. Dereva wangu anajaza maelezo."

"Hakuna shida."

Mkurugenzi aliingia. Alirekebisha kiti, akafunga mkanda, akatazama kioo cha kati, kisha cha pembeni. Akasukuma indiketa. Haikuwaka. Bila kufikiri hata kidogo, alishusha dirisha, akatoa mkono wote nje, akaunyoosha, kiganja kimetazama mbele. Akauacha hapo kidogo, akaurudisha, akaondoka taratibu.

Nje ya kiwanda alizima injini, akashuka.

Inspekta alimpa Mkuu wa kituo simu yenye picha za kamera ya kwanza. Mkuu alizitazama mara mbili. Mara ya tatu alimpa Mkurugenzi mwenyewe azitazame.

"Kila mwalimu wa udereva anaijua ishara hii," Mkurugenzi alisema. Sauti yake ilikuwa imara.

"Naijua," Mwalimu alijibu. "Sijawahi kuitoa barabarani hata siku moja. Indiketa zikifa naita fundi. Wewe ndiye unayetusimulia kila mwaka jinsi mtahini alivyokufelisha kwa sababu ya mkono."

"Wanaokimbizana hapa hawatoi ishara kabisa," Inspekta alisema. "Barabara tupu, alfajiri, nani atoe ishara? Mtu ambaye mwili wake hauwezi kuondoka bila kuitoa. Na anayetoa kwa mkono ni aliyefunzwa wakati mkono ulikuwa sheria. Shuleni kwenu wa enzi hizo mmebaki wangapi?"

Aliyejibu ni Nusu Sekunde.

"Ni yeye, afande. Alilileta Jumamosi usiku ukiingia. Jumapili saa 2:00 asubuhi akalirudisha, anasema fanya liwe kama lilivyokuwa, amegonga nguzo. Rimu nimezihifadhi. Yuko tayari kunifunga mdomo, lakini sitafungwa kwa ajili yake."

"Wewe mshenzi," Mkurugenzi alisema, karibu kwa upole. Kisha mabega yake, ambayo siku zote yalikuwa yamenyooka kama shati lake, yalishuka.

"Jumatatu kampuni ya usafirishaji ilikuwa inakuja," alisema. "Kufundisha madereva wao wote. Mkuu wao alikuwa ameniambia magari yangu hayawezi kuingia barabara kuu salama, hayana msukumo, ninunue makubwa au nisahau mkataba. Makubwa sina uwezo nayo. Nikasema nimwonyeshe kwamba dogo linaweza. Nilitaka kulipima kwanza. Nilipovuka mstari wa pili nilikuwa natazama saa yangu. Ni hivyo tu. Nilikuwa natazama saa."

"Ukasimama."

"Nilisimama. Nikashuka. Nilidhani amekufa."

"Alikusikia ukifungua mlango," Inspekta alisema. "Alidhani umekuja kumsaidia."

Mkurugenzi alifumba macho.

"Na mimi?" Mwalimu aliuliza. "Mimi ulidhani nini?"

"Kwamba utapigwa faini. Kwamba mwalimu mzuri wanamhurumia. Ningekurudisha kazini, wallahi, kazi yoyote ya ofisini."

"Ofisini," Mwalimu alirudia. "Miaka yote unatuambia: ukigonga, simama, ukisimama, shuka, ukishuka, baki. Mpaka kushuka ulifika."

Tani alipiga hatua moja mbele. Dada yake alimshika mkono wa shati, akasimama.

Mkuu wa kituo alifungua mlango wa gari la polisi mwenyewe. Saa 9:40 alasiri Mkurugenzi alisomewa mashtaka: kuendesha kwa hatari, kumtelekeza majeruhi, na kutoa maelezo ya uongo. Saa 9:55 Mwalimu alirudishiwa leseni yake ya ualimu, akatia saini kuipokea, akatoka kwa mlango wa mbele.