Mwenye Laini Amekataa

Rafiki yangu fundi cherehani ana hasira za karibu, na siku hiyo zilikuwa zimemfika kooni. Ilikuwa mara yake ya tatu kwenda ofisi ya kampuni ya simu kufunga laini ya marehemu dada yake, maana kampuni hiyo haikuchoka kumtumia marehemu ujumbe wa kumshukuru kwa kupiga simu kila siku.

"Bila ridhaa ya mwenye laini hatufungi," alisema karani, macho kwenye kompyuta.

"Mwenye laini nimemzika. Au nikamfukue aje kupanga foleni?"

"Utaratibu ni kumpigia, mama."

"Haya, mpigie." Simu ya marehemu, laini ikiwa ndani, ilikuwa mkobani mwa fundi, imetolewa betri.

Karani akapiga, akaweka spika. Ikaita mara mbili, ikapokelewa. Ikasikika cherehani ya miguu ikienda mbio, ikilia kila pedali iliposhuka.

"Unakubali laini yako ifungwe?"

Cherehani ikanyamaza. Ukasikika uzi ukikatwa kwa meno, tabia ambayo fundi alimgombeza dada yake miaka yote na mkasi upo mezani. Kisha cherehani ikaendelea.

"Amekataa," alisema karani, akaandika.

Fundi alirudi nyumbani akiwatukana njia nzima, matapeli wakubwa wanaochezea msiba wa watu. Akafungua kufuli kwa ufunguo wake, ambao ni mmoja tu. Ndani kulikuwa giza, madirisha yamefungwa. Akapapasa meza ya cherehani. Blauzi aliyoiacha asubuhi ikiwa vipande ilikuwa imeshonwa yote, mpaka mikono. Akaigusa ncha ya uzi kwenye pindo.

Ilikuwa bado imelowa mate.