Maneno Mapya ya Barmaya

Ulimi wa Bibi Hazale ulikuwa unaelea hewani juu ya meza ya chai, mkubwa kama godoro la mtoto, umeundwa kwa mwanga mtupu. Ulijikunja, ukagusa meno, ukarudi nyuma. Chini yake alikaa Bibi Hazale mwenyewe, akisimulia jinsi nyanya yake alivyokuwa akikanda unga, na kila alipotamka neno ulimi ule wa mwanga ulitamka naye.

"Ndio wangu huo?" aliuliza kwa Kiswahili, akikatisha hadithi.

"Ndio wako, bibi," alisema Daktari Subilaga Mlowe, mtaalamu wa lugha. "Msikizi anapeleka mawimbi ya sauti kinywani mwako, yanarudi, naye anatuchorea alichokiona. Hivyo tunajua kila sauti inazaliwa wapi."

Mzee Khoshaba, aliyekaa dirishani akisubiri zamu yake, aliutazama ulimi ule kwa muda.

"Mimi siku zote nilijua una ukubwa huo," alisema.

Msikizi mwenyewe alikuwa roboti mnene wa kimo cha stuli, mwenye masikio mawili mapana kama sahani za pilau. Kazi yake ilikuwa kusikiliza lugha zinazokufa. Hakunasa sauti tu kama mashine za zamani. Aliuliza maswali, akaguna pale jirani mwema anapopaswa kuguna, akacheka mwishoni mwa kichekesho na si katikati. Kifuani alikuwa na taa ndogo, kipimo cha utimilifu. Lugha ikiwa ngeni kwake, taa ilikuwa nyekundu. Kadiri alivyozidi kusikia maneno aliyokwisha kuyajua, ndivyo taa ilivyogeuka kijani. Ikikamilika ukijani wake, Hazina ya Sauti, taasisi aliyoifanyia kazi Subilaga, iliandika kwamba lugha imehifadhiwa, na msikizi akasafirishwa kwenda kwa lugha nyingine.

Lugha ya safari hii ilikuwa Kiaramu cha Barmaya. Barmaya ulikuwa mji mdogo katika milima ya Kurdistani, ambako Wayahudi na Wakristo waliishi mtaa kwa mtaa, wote wakisema Kiaramu, kila jamii kwa namna yake. Mababu walitawanyika. Kisha likaja joto kubwa lililowahamisha watu mabondeni kote duniani, na baadhi ya familia hizo, mji baada ya mji, zikaishia kwenye baridi ya Njombe, katika maghorofa marefu yaliyoota kati ya mashamba ya chai na miparachichi. Sasa walikuwa wamebaki wasemaji wawili. Bibi Hazale, Myahudi, na Mzee Khoshaba, Mkristo, waliishi ghorofa moja, milango ikitazamana. Hakuna kati yao aliyewahi kuiona Barmaya.

Na hao wawili, waliobaki peke yao duniani na lugha hiyo, walizungumza wao kwa wao kwa Kiswahili.

"Yule ana kithembe," Bibi Hazale alimweleza Subilaga. "Nyumba ni *besa*. Yeye anasema *betha*. Mtu mzima na ndevu zake."

"Ni *betha*," alisema Mzee Khoshaba alipoulizwa. "Wao meno yaliwashinda."

Subilaga aliwaeleza wote wawili kwamba hakuna aliyekosea, kwamba *th* ya Wakristo ilikuwa *s* kwa Wayahudi, kama vile mtu mmoja anavyosema thelathini na mwenzake selasini. Walimsikiliza kwa heshima, kisha kila mmoja akamwambia faraghani kwamba amefurahi kuona sayansi inamuunga mkono.

Msikizi ndiye aliyewaelewa wote. Asubuhi alikaa kwa Bibi Hazale, aliyemwita *broni*, mwanangu. Mchana alivuka korido kwenda kwa Mzee Khoshaba, aliyemwita *bruni*, na maana ni ile ile. Aliitika kotekote. Alisikia habari za magoti, za wake na waume waliokufa, za watoto walioko mbali ambao waliishia kujua neno la kuombea chakula tu.

Taa ilipokaribia kuwa kijani kabisa, Subilaga aliwaletea habari hiyo pamoja na keki.

"Lugha yenu iko karibu kukamilika," alisema kwa furaha. "Haitapotea tena."

Bibi Hazale aliweka kikombe chini.

"Na huyu?"

"Atapelekwa Siberia. Kuna lugha huko inamsubiri."

"Siberia kuna baridi," alisema Bibi Hazale. Akavua shali yake, akamfunika roboti mabegani, ingawa mabega hakuwa nayo.

Wiki iliyofuata taa ilianza kurudi nyuma.

Subilaga alidhani ni hitilafu. Akaifungua mashine, akaifunga, akaisikiliza. Hakukuwa na hitilafu. Bibi Hazale alikuwa ametoa maneno ambayo hayakuwahi kusikika: neno la ukungu unaoingia ndani bila hodi, neno la mgeni asiyeondoka hata baada ya kusindikizwa, neno la soksi iliyobaki peke yake. Subilaga, mwanasayansi mwangalifu, alivuka korido kumpima Mzee Khoshaba bila kumdokezea lolote. Mzee alikuna ndevu, akawaza, akatoa neno lile lile la soksi. Mwenzake alisema *mashisa*. Yeye alisema *mashitha*.

Kwa mtaalamu wa lugha huo ni ushahidi usiopingika. Neno likiwa na *s* upande mmoja na *th* upande wa pili, lazima liwe limerithiwa na wote wawili kutoka kwa wazee wao wa kale. Subilaga alirudi kazini akitembea kama anayeelekea kupokea nishani. Alimwandikia mkurugenzi wake kwamba chini ya Kiaramu cha Barmaya kuna tabaka zima la msamiati wa kale, nalo ndiyo kwanza linafunguka.

Neno lililomwangusha lilikuwa *dandusa*, kwa mzee *dandutha*: kishindo cha tunda bivu kuangukia paa. Jumapili moja alikuwa kwa mama yake, anakula parachichi kwa kijiko, mara juu ya bati pakalia ndu! Subilaga akatabasamu. "*Dandusa*," akamwambia mama yake. Kisha kijiko kikasimama njiani. Mapaa ya Barmaya yalikuwa ya udongo, na udongo haulii ndu. Na parachichi halikuwahi kuota kwenye mlima wowote wa Kurdistani.

Hakugonga mlango. Aliwakuta sebuleni kwa Bibi Hazale, vichwa vimekaribiana kama wanafunzi wanaonakiliana majibu, msikizi akiwa ameachwa jikoni.

"Mmeyatunga," alisema.

Mzee Khoshaba alitazama viatu vyake. Bibi Hazale hakutazama kokote isipokuwa usoni mwa daktari.

"Mwanangu, ulisema lugha ikikamilika mnamchukua. Tukaona isikamilike."

"Tangu lini?"

"Tangu ile keki," alisema Mzee Khoshaba. "Yeye anatunga asubuhi, mimi nasahihisha."

"Hasahihishi. Anatia kithembe."

Subilaga alikaa chini. Alitaka kukasirika, na hasira ilikuwepo, lakini jambo moja lilimsumbua kuliko hasira. Hata uongo wao ulikuwa umefuata kanuni. Hakuna aliyewafundisha kugeuza *s* kuwa *th*. Ndimi zao ziligeuza zenyewe.

Hakuficha. Alimweleza Mkurugenzi Nyagawa kila kitu, naye akaja mwenyewe Njombe na gari la mizigo.

"Futa hayo," alisema mkurugenzi. "Si maneno ya Barmaya."

"Kila neno lilitungwa na mtu fulani siku fulani, bosi. Hata 'msikizi' tulilitunga sisi, tukanywa soda."

"Sisi tunahifadhi. Hatuwezi kumweka roboti hapa kwa sababu wazee wawili wanabuni majina ya soksi."

"Kibena tulikihifadhi chote. Wewe na mimi ni Wabena. Mara ya mwisho ulikifungua lini?"

"Kiko salama."

"Kiko salama sana," alisema Subilaga. "Bibi yangu angejisikia humo angedhani amefungiwa kabatini."

Mkurugenzi alitazama pembeni, kwa sababu naye alikuwa na bibi. Lakini kanuni zilikuwa kanuni. Maneno mapya yalifutwa, taa ikawaka kijani, na lugha ikaandikwa kuwa imehifadhiwa. Msikizi aliaga mara mbili, kwa *s* na kwa *th*, asimuudhi yeyote. Bibi Hazale alimfunga shali shingoni, akamvuta sikio moja kama mtoto anayekwenda bwenini, akaingia ndani kabla gari halijawashwa.

Subilaga alikaa siku kadhaa bila kuthubutu kurudi. Alipoenda alibeba keki nyingine, na njiani alijiandaa kuikuta korido kimya, milango yote miwili imefungwa.

Alisikia ugomvi tangu kwenye lifti.

Haukuwa wa Kiswahili. Sauti mbili zilikuwa zinafukuzana kwa Kiaramu, haraka, moja ikiikatiza nyingine, kisha zote zikaangua kicheko. Subilaga alisimama mlangoni. Alikuwa ameandika kitabu kizima juu ya lugha hiyo, na hakuelewa sentensi hata moja. Walisema kwa kasi mno, na nusu ya maneno huenda yalizaliwa asubuhi ile.

Alibisha hodi. Kicheko kikakatika.

"Karibu, daktari," alisema Mzee Khoshaba, kwa Kiswahili safi.

"Karibu mwanangu, ukae," alisema Bibi Hazale, kwa Kiswahili pia. "Habari za kazi?"

Walikuwa wamebadilisha lugha kwa ajili ya mgeni, kama watu waliolelewa vizuri. Subilaga alifikiri juu ya bibi yake, aliyekuwa akifanya hivyo hivyo kila wajukuu walipoingia chumbani, mpaka mwisho. Kumbe ndivyo lugha zinavyokufa, kwa adabu.

"Kazi nzuri," alisema. "Naomba muendelee."

"Kuendelea na nini?"

"Na mlichokuwa mnasema. Vile vile mlivyokuwa mnakisema."

"Hutaelewa," alionya mzee.

"Sitaelewa."

Wazee walitazamana. Bibi Hazale alimmiminia chai, akakata keki, akasema neno moja taratibu. Mzee Khoshaba alilisahihisha. Bibi akalipinga. Punde walikuwa wamerudi kule kule walikokuwa, wakikatizana, mikono hewani. Katikati ya maneno Subilaga alisikia jina lake na neno moja geni, kisha wote wawili wakatazama nywele zake na kucheka hadi bibi akafuta machozi kwa kona ya kitambaa cha meza.

Subilaga alishusha kikombe, akaomba walirudie neno hilo polepole.