Alhamisi ya Korti, Alhamisi ya Wazee

Kila asubuhi Faduma huosha madumu yake, huyafukiza moshi, kisha huenda soko la Garissa kuuza maziwa ya ngamia. Kazi hiyo ndiyo iliyolea mwanawe Hanad na wadogo zake tangu mumewe afariki. Marehemu aliwaachia kiwanja kimoja tu, chenye nyumba na birika la maji ya mvua.

Jirani yao, Abdinoor, alidai kiwanja hicho ni chake. Alishtaki, na hakimu akampa ushindi. Faduma hakukubali. Alikata rufaa katika mahakama ya ardhi, akapewa tarehe ya kusikizwa, siku ya Alhamisi.

Kabla ya siku hiyo, Barre, mzee wa ukoo, aliwaita wote wawili kwenye maslaha, yaani kikao cha wazee cha kupatanisha. Naye akachagua Alhamisi hiyo hiyo.

"Adeer, siku hiyo nina korti," Faduma alimwambia kwa heshima, kama mtu anavyosema na baba yake mdogo.

"Mambo yakishafika kwa wazee, korti hungoja," Barre akajibu.

Nani angembishia mzee? Faduma alienda kikaoni. Abdinoor naye alikuja. Wakanywa chai, wakazungumza kwa upole. Kumbe wakili wa Abdinoor hakuambiwa lolote! Alikuwa mahakamani na faili lake. Jina la Faduma likaitwa. Likaitwa tena. Jaji akaitupa rufaa.

Mshika mbili moja humponyoka. Lakini maskini Faduma hakujua kama ameshika mbili.

Wiki iliyofuata alipewa notisi ya kuhama. Aliikimbiza kwa Caro, mteja wake wa maziwa, ambaye ni afisa wa msaada wa kisheria.

"Walaal, ndugu yangu, kesi imekufa aje?" Faduma aliuliza. "Mimi sikukataa kuja. Mimi nilikuwa na wazee, wallahi."

"Mama Hanad, jaji angejuaje?" Caro alisema. "Mwenye rufaa ni wewe. Ukikosa kuja, na upande wa pili umekuja, jaji ana ruhusa ya kuitupa. Hafiki hata kwa swali la nani mwenye haki."

"Basi maslaha ni makosa?"

"Hapana. Sheria inakubali mpatane nyumbani. Lakini korti lazima iambiwe. Mngeandika, mtie sahihi nyote wawili, muombe tarehe isogezwe. Mpaka jaji akubali, tarehe ni ile ile."

Faduma alilia pale pale. Aliogopa kulala nje na watoto.

"Sasa nimekwisha?"

"Bado. Unaweza kuomba rufaa irudishwe. Lakini tuanze leo, si mwezi ujao. Utaeleza kwa kiapo kwa nini hukuja, na sababu iwe ya kweli. Tutaomba pia usihamishwe kwanza. Na mzee Barre naye aape."

Hapo ndipo palipokuwa pagumu. Faduma alimwendea Barre, lakini mzee alizoea wengine waape mbele yake. Alichezea ndevu zake zenye hina.

"Unataka niseme nilikosea?"

"Nataka useme ulichoniambia, Adeer. Basi."

Mzee alichukua fimbo yake, wakaenda kwa Caro kuandika kiapo.

Siku ya ombi, Faduma alifika kabla mlango haujafunguliwa. Jaji alisoma viapo vyote viwili. Alisema Faduma hakuipuuza mahakama, ila alielewa vibaya, tena amekuja bila kuchelewa. Akairudisha rufaa na kusimamisha ile notisi. Akaonya pia kwamba si kila anayeomba hurudishiwa.

Maslaha yaliendelea, safari hii mahakama ikijua. Wazee walikubaliana Abdinoor achukue sehemu tupu ya nyuma. Nyumba na birika vikabaki kwa Faduma. Makubaliano yaliandikwa, wote wawili wakatia sahihi, yakapelekwa kortini, na jaji akayafanya amri ya mahakama. Faduma alirudi nyumbani akicheka peke yake njiani.

Mwezi uliofuata familia nyingine ilikuja kwa Barre na ugomvi wa ngamia. Kabla hawajaketi, mzee aliuliza, "Korti imewaita lini?"

"Jumatatu, Adeer."

"Basi Jumatatu nendeni kortini. Mimi mtanikuta Jumanne."