Eda ya Mtu Aliye Hai

Bandari ya Kindu asubuhi ile ilikuwa haipitiki. Mbuzi, madumu ya mawese, pikipiki, na wabebaji waliokuwa wakiteremsha masanduku marefu ya mbao kwenye mtumbwi wa injini.

"Polepole, jamani! Iko kioo ndani!"

Sakina alikuwa akikaanga samaki. Akaijua sauti kabla ya kugeuka. Alijifunga kitenge cha kijani chenye ndege, kitambaa cha kichwa kimekaa upande, uso unang'aa kwa jasho la moto. Mwenye sauti alivaa shati jeupe na miwani, kichwani mvi ambazo hakuondoka nazo. Alikuwa Djamali, mume wake.

"Sakina," akasema.

"Sogea. Unaziba upepo, makaa itazimika."

Usidhani alikuwa akimringia. Hasha! Hakusikia kitu. Moyo wake ulikuwa umekufa ganzi miaka mingi, kama mguu uliokaliwa vibaya. Aliyepiga yowe ni Fifi, muuza mihogo wa meza ya pili.

"Mungu wangu! Dada, ile si bwana yako?"

"Ndiyo, njo yeye."

"Na unageuza samaki!"

"Itaungua."

Kabla ya adhuhuri mji mzima ulishajua. Djamali amekuja na wanasayansi wa Lubumbashi. Wanavuka Lualaba kwenda Alunguli, pasipo taa nyingi, kuchora ramani ya nebula, wingu la ajabu lililo mbali huko kati ya nyota. Watakaa mpaka kiangazi kiishe.

Jioni simu ya Sakina ikalia.

"Allô, mupenzi."

"Mupenzi wa nani? Namba umetoa wapi?"

"Kwa Fifi. Alinilazimisha kwanza ninunue mihogo. Nimekula mpaka tumbo inauma."

Zamani angecheka hadi akae chini. "Unataka nini, Djamali?"

"Jibu. Mimi bado bwana yako, ao hapana? Kazi ikiisha ninarudi Lubumbashi. Ukinikataa tena, sitakanyaga huku."

"Tena?"

"Wakati wa vita nilikuita kwa foni. Ulikataa kuja."

Sakina akakata simu.

Hapo ndipo penye donda. Mwaka wa tisini na nane, ndoa yao ingali changa, Djamali alipanda treni kwenda kusoma Lubumbashi. Vita vikafunga reli. Habari ikaja kwamba behewa lake lilichomwa, hakutoka mtu. Matanga yakawekwa. Sakina akavua mapambo, akaketi eda, kaka yake Moussa akimtunza. Siku moja mtu akaja mbio kutoka kwenye foni, ile redio iliyokuwa simu ya mji mzima. Kuna mwanaume anamwita Sakina, anajiita Djamali. Siku zile matapeli walitumia majina ya marehemu kuwala watu pesa. Moussa akamwachia dada yake aamue.

"Bwana yangu alikufa," Sakina alijibu. "Niko ndani ya eda. Sisemi na mwanaume."

Vita vilipokwisha, mfanyabiashara mmoja akaleta habari: Djamali yuko hai, anafundisha huko. Ndipo ganzi ilipoingia. Sakina alikuwa amemfungia mumewe mlango kwa kumheshimu mumewe huyohuyo! Aibu ikamzuia kumtafuta. Na Djamali hakuja.

Kiangazi kikaanza kwisha. Simu zikaja, Sakina akajibu ndiyo na hapana, basi. Fifi akachoka.

"Mficha uchi hazai, dada. Vuka mto, umuambie. Mwanaume haiko muhogo wa kubakia kwa meza mpaka kesho."

Akavuka. Magharibi ilikuwa imepita, nyota zimeanza kutoka. Djamali alisimama kando ya darubini, sweta imemkaa ovyo.

"Karibu, mama. Angalia."

Akainama. "Iko nyota pembeni. Katikati sione kitu."

"Njo yenyewe. Haina mwangaza. Tunaichora kwa kufuata nyota zenye inafunika."

Sakina alitegemea atastaajabu. Hakustaajabu. Akainuka.

"Djamali, ile siku ya foni nilikuwa ndani ya eda."

"Eda ya nani?"

"Ya wewe."

Djamali akaiachia darubini. "Mimi nilifikiri umepata mwengine. Nikafanya kiburi, miaka yote hii... Ulinikalia eda?" Akalia, mtu mzima, kamasi na machozi pamoja.

"Usilie, siwezi kukusaidia kulia. Sisikie kitu. Tangu ukuje ninangoja moyo uruke, hauruki. Mwanamuke wa hivyo utamufanyia nini?"

"Nitakaa naye."

"Akikuwa hivi mpaka kufa?"

"Nitakaa naye. Kuangalia giza njo kazi yangu, chérie. Nimezoea."

Sakina hakucheka. Ila alimvua miwani, akaifuta kwa ncha ya kitenge, taratibu, akamrudishia usoni.

"Kesho utume wazee kwa kaka yangu, Ya Moussa. Sheikh atufungishe ndoa upya. Watu walikulilia, wakuone."

"Na wewe, Sakina? Unataka?"

Sakina akakiweka sawa kitambaa cha kichwa.

"Eda yenyewe ilikwisha zamani," akasema. "Mimi njo sikukuwa nimetoka. Leo ninatoka."