Mama Bado Hana Muhuri

Kila asubuhi, kabla ya kwenda shule, Kasuku alishika kitabu na kumuuliza mama yake maswali huku mama akipiga pasi sare.

"Kabla ya kuchora msingi, unapima nini?"

"Udongo. Lingine, upesi!"

Mama alikuwa amemaliza chuo, na kwa miaka mitatu alikuwa akichora chini ya msanifu majengo mwenye leseni. Sasa ulibaki mtihani wa bodi inayosajili wasanifu. Lakini Kasuku hakuitwa Kasuku bure. Shuleni alikwisha kutangaza kwamba mama yake ana leseni, tena ana muhuri wake mwenyewe.

Jumamosi moja mwalimu mkuu alipiga hodi, michoro kaibana kwapani.

"Mama Kasuku, fundi ametuchorea madarasa ya ghorofa. Kibali hakitoki bila muhuri wa msanifu. Binti yako anasema unao. Tugongee tu, Jumatatu tuanze."

Kasuku alitamani ardhi ipasuke immeze.

"Sina, mwalimu," mama alisema. "Sijasajiliwa bado."

"Lakini si kazi unaijua?"

Mama alikunjua michoro mezani. Kidole chake kikasimama kwenye ngazi. "Ngazi ni moja, nyembamba hivi! Moto ukitokea, watoto wote wa juu watapita wapi?"

Mwalimu mkuu aliinamia mchoro. Kasuku aliwafikiria wenzake wakisukumana pale, machozi yakamlengalenga. "Nilidanganya, mwalimu. Nilitaka wenzangu wanione wa maana."

"Ulimi hauna mfupa," mama alisema. "Muhuri si pambo, mwanangu. Anayeugonga anasema: nimekagua, na likitokea lolote niulizwe mimi. Ndiyo maana njia yake ni ndefu, na mimi sitaikatiza."

Mama aliipeleka michoro kwa yule msanifu aliyemsimamia kazini. Ikachorwa upya, na ujenzi ukachelewa mwezi mzima.

Lakini kabla ya hapo, Jumatatu ileile, Kasuku alisimama mbele ya darasa, akasema ukweli wote. Mmoja nyuma akacheka.

"Kumbe! Sasa mama yako ni nani?"

"Bado anasoma," Kasuku alijibu. "Kama sisi."

Kicheko kikaenea. Mwalimu mkuu, aliyekuwa amesimama mlangoni, akainua mkono.

"Mama huyo angeweza kunidanganya kwamba michoro ni salama, nami ningefurahi," alisema. "Alikataa kwa ajili yenu. Na binti yake leo amesema kweli bila kulazimishwa. Heshima hujengwa hivyo, kuanzia chini. Haya, fungueni madaftari."