Uongo wa Lugalo

Filamu ile haikuwa na sauti, ndiyo maana Tadeo alishtuka aliposikia inasonya.

Ilikuwa mchana, mwaka 1956, katika ukumbi mmoja wa Iringa uliofungwa mapazia. Tadeo, msomaji wa maelezo ya sinema, alikuwa akijizoeza peke yake na kipaza sauti. Filamu ilijigamba kuwa ni ya vita vya kweli, vya Lugalo mwaka 1891, ambako Wahehe waliwaangamiza askari wa Wajerumani. Lakini Mzungu aliyeitengeneza alikaa Iringa siku tisa tu, akawavisha vibarua ngozi za mbuzi, akawaambia wakimbie. Wakakimbia, wengine wakicheka. Karatasi ya maelezo ikamtaka Tadeo aseme: "Washenzi wakatupa mikuki, wakapiga magoti."

Alipoyasoma maneno hayo, kitu nyuma yake kikasonya tena, taratibu, kwa dharau, kikampulizia shingoni pumzi yenye harufu ya baruti na damu mbichi, na alipogeuka hakuona mtu, ila viti vya nyuma vilikuwa vikilia kimoja baada ya kingine, kana kwamba watu wengi wanaketi, wanainuka, wanasogea, wanamkaribia.

Alikimbilia kijijini Kalenga kwa bibi yake, Verediana, ambaye baba yake aliuawa Lugalo.

"Bibi, kuna jini ukumbini," alinong'ona. "Nimwite padri?"

"Padri wa nini? Hao ni wenyewe waliopigana vita." Bibi alitema mate kando. "Baba yangu aliingia kwenye risasi na mkuki mkononi, akalala kwenye udongo mwekundu wa Lugalo. Nawe unatangaza kwamba alipiga magoti! Huoni haya?"

"Nitafukuzwa kazi, bibi."

"Basi fukuzwa."

Jumamosi alasiri ukumbi ulijaa. Pumzi ile ikamrudia Tadeo shingoni. Akaikunja karatasi.

"Hawa mnaowaona ni vibarua," alisema. "Babu zetu hawakupiga magoti. Waliokimbia ni wale wenye bunduki."

Wazee wakasimama. Shingo yake ikapoa. Mzungu alimfukuza kabla mapazia hayajafunguliwa.

Filamu ikapelekwa Mbeya. Msomaji mpya, Yotamu, alicheka aliposimuliwa habari hizo, akasoma kila neno kama lilivyoandikwa. Alipofika kwenye magoti, akakabwa.

Hospitalini mkewe, Sekela, alishika beseni huku daktari akimtoa mumewe udongo mwekundu kinywani kwa kijiko. Beseni la pili likajaa.

"Leteni jingine," daktari alisema kwa sauti ndogo. "Bado unakuja."